Mashimo Matatu ya Bi Mwanakheir

Wifi yangu Mwanakheir hakuwa maskini mpaka siku walipokuja kumsaidia. Hilo nnalisema miye, Rukaiya binti Mbarouk, mpika chai wa Taasisi ya Tuwainue, ofisi ya Shangani, ghorofa ya pili. Anayebisha na aje tubishane, birika ninalo mkononi.

Kabla ya hapo alikuwa mtu kama watu. Mjane, kweli. Kaka yangu Machano alifariki miaka kumi na mbili iliyopita akamwachia nyumba ya mawe na udongo pale Bwejuu, yenye paa la makuti, na kuku watano. Ulimi hakuachiwa na mtu, alikuja nao tangu kwao. Watoto wake wawili wako Dar es Salaam na humpigia simu Iddi mosi, wakikumbuka. Shamba la kutaja hana. Lakini alikuwa na mashimo matatu pwani, na mwanamke wa Bwejuu mwenye mashimo matatu haendi kwa jirani kuomba chumvi.

Ofisini kwetu hakuna hata mmoja anayejua shimo ni nini, kwa hivyo nalieleza hapa, wakisoma wasome. Unakusanya makumbi, yale maganda ya nje ya nazi. Unangoja maji yatoke, unayabeba magunia kwa magunia mpaka kwenye tope, unachimba, unayapanga ndani, unayafukia, kisha unayakandamiza kwa mawe ili bahari ikirudi isiyachukue. Halafu unasubiri miezi sita. Bahari inaozesha kile kinachooza, zinabaki nyuzi. Ndipo unafukua, unayapiga kwa gongo mpaka usumba unatoka, na usumba unausokota kamba. Harufu yake usiniulize. Yai viza ni manukato mbele yake. Lakini miye na Mwanakheir tumelelewa ndani ya harufu hiyo, na mtu wa kwetu huitambua kabla hajaona kitu.

Kila shimo lina mwenyewe. Hati halina, kibao halina. Lina mawe yamepangwa duara na kijiti kimechomekwa katikati, basi. Mama humwachia binti yake, na ya Mwanakheir aliachiwa na mama yake. Hakuna mtu Bwejuu anayefukua shimo la mwenzake. Mwizi wa kuku tunaye, tunamjua na jina lake, na yeye pia hulizunguka shimo la mtu kama anavyolizunguka kaburi.

Mwaka huu makumbi ya wifi yangu yalikuwa na kazi yake maalumu. Paa la nyumba lilikuwa limechoka. Ukilala ndani mchana unahesabu vijua sakafuni, na viwili kati ya hivyo viko juu ya kitanda. Sasa Ubwa, fundi wa kuezeka makuti, alikuwa amepata kazi ya mabanda ya hoteli, na wenye hoteli hawataki kuona nailoni wala msumari. Wanataka kamba ya usumba ili wageni wao wapige picha. Basi Ubwa na Mwanakheir wakaafikiana: yeye atatoa kamba ya mashimo yote matatu, na Ubwa atamwezekea nyumba yake kwa makuti mapya kabla ya masika. Hawakuandikiana karatasi. Wakasoma Fatiha, wakanywa chai, kila mtu akaenda zake. Hiyo ilikuwa mwezi wa nane, makumbi yakafukiwa wiki ile ile. Mwezi wa pili yafukuliwe, mwezi wa tatu nyumba iwe na paa. Mipango mizuri kuliko yote niliyowahi kuimiminia chai hapa Shangani.

Sasa nije kwenye domo langu.

Mkurugenzi wetu ni Bwana Sabri. Kijana wa mjini, kasoma ng'ambo, karudi na shahada mbili na marashi yanayomtangulia ngazini. Kila siku kwake ni mkutano. Siku hiyo, mwezi wa kumi na mbili, mkutano ulikuwa juu ya wafadhili. Watakuja Unguja mwezi wa pili na wanataka kumwona mnufaika kwa macho yao.

"Tunahitaji mama mmoja wa pwani," Bwana Sabri akasema. "Mjane. Hali ngumu, lakini awe na tabasamu."

Watu wanane mezani wakakuna vichwa, maana wote wanawainua maskini na hakuna hata mmoja anayemjua maskini kwa jina. Miye nlikuwa namimina chai. Nani alinituma?

"Nna wifi yangu Bwejuu," nikasema.

Nilifikiri watampa mabati, wallahi. Au gunia la mchele. Na nisidanganye, nilitaka pia Bwana Sabri ajue kwamba miye si birika lenye miguu. Akaniuliza jina la wifi yangu, akaliandika, akaniambia, "Hongera, Bi Rukaiya." Nikashuka ngazi nimevimba kichwa kama nimepewa cheo.

Wakaenda Bwejuu, na miye nikachukuliwa kuwa mwenyeji wao. Mwanakheir alitandika jamvi jipya, akavaa kanga yake ya Iddi, akakoka moto. Bwana Sabri akaingia na miwani ya jua usoni.

"Habari za leo, mama?"

Mwanakheir amemzaa yule kwa umri, na bado nafasi inabaki. Alingoja shikamoo yake. Haikuja. Akangoja tena kidogo, kisha akaitikia kwa sauti ya juu kabisa:

"Marahaba!"

Bwana Sabri akacheka. Hakuelewa kama ameshapigwa kofi.

Maswali aliyauliza Shahida, ofisa wa miradi, msichana mpole mwenye fomu ya kurasa tisa. Simlaumu sana, fomu hakuitunga yeye.

"Bibi, unakula mara ngapi kwa siku?"

"Weye unakula mara ngapi?"

"Ee... mara tatu."

"Andika hivyo hivyo."

"Kwa maoni yako, uko katika kundi la maskini, au maskini sana?"

"Niko katika kundi la watu wa Bwejuu."

Shahida akapekua karatasi, hakuliona kundi hilo. Akaja kwenye swali la mwisho: akipewa msaada, angependa apewe nini?

Hapo wifi yangu akakaa vizuri, kwa sababu swali hilo lilikuwa la maana. "Nataka makumbi," akasema. "Hizi hoteli zinafua nazi kila siku, na makumbi zinayachoma moto pamoja na taka. Mkawaambie wayaweke kando tu. Ntayafuata mwenyewe, sitaki gari ya mtu."

Msaada mwepesi kiasi hicho! Maneno mawili kwa meneja wa hoteli, basi. Shahida akamgeukia mkurugenzi, "Makumbi niyaweke wapi?" Bwana Sabri akaichungulia fomu, akatikisa kichwa. "Hakuna kisanduku cha makumbi. Andika anahitaji kujengewa uwezo."

Halafu wakataka picha. Wakamwomba avue ile kanga ya Iddi, avae ya jikoni. Akawaambia kanga ya jikoni huvaliwa jikoni. Wakamsimamisha chini ya upenu, pale makuti yalipoliwa zaidi, na mpiga picha akambembeleza atabasamu. Hakutabasamu. Mara mbuzi wa jirani akaja kwa nyuma akaanza kuitafuna fomu ya Shahida, ukurasa wa nne, na Mwanakheir akaangua kicheko cha kweli kweli. Ndiyo picha waliyoichukua. Walipoiangalia ofisini Bwana Sabri alisema, "Oneni matumaini haya." Matumaini! Mwanamke anamcheka mbuzi.

Siku yenyewe ikafika, Jumamosi ya mwezi wa pili, siku ya bamvua, maji yanatoka mpaka mbali. Waliipanga kusudi siku hiyo. Asubuhi kwenye ukumbi wa skuli yatolewe mafunzo ya ujasiriamali kwa wanawake, kisha vyeti, kisha hotuba mbele ya wafadhili. Na wakati huo huo vijana wa kujitolea kutoka mjini wasafishe ufukwe kama zawadi ya taasisi kwa kijiji. Vijana arubaini, glavu mikononi, reki na mapauro, na lori moja la kukodi.

Mwanakheir alikalishwa kiti cha mbele. Walikuwa wamemvalisha fulana ya taasisi juu ya buibui lake, akawa kama mto uliotiwa foronya mbili. Nyuma ya meza kuu palitundikwa bango la turubai, refu kama chumba changu cha Malindi, na juu yake uso wake yeye, anacheka na mbuzi asiyeonekana. Chini pameandikwa kwa herufi nene: TUMEMUINUA BI MWANAKHEIR. Bado alikuwa amekaa palepale alipokuwa amekaa siku zote, lakini ndivyo ilivyoandikwa.

Shahida akaanza kufundisha. "Mjasiriamali," akasoma kwenye karatasi yake, "ni mtu anayeona fursa pale wengine wanapoona taka."

Wanawake wakaitikia kwa pamoja kama chuoni. Mwanakheir akanyoosha mkono.

"Mwanangu, maji yanatoka saa hizi. Tutamaliza lini? Nna makumbi yangu yameiva, nnataka kuyatazama."

"Bado kidogo tu, bibi. Wageni hawajazungumza."

Akakaa. Wifi yangu ana ulimi lakini pia ana adabu. Hawezi kumpa mgongo mgeni aliyekuja kuzungumza naye.

Miye nlikuwa mlangoni na machupa yangu ya chai na sinia la sambusa. Bwana Sabri alikuwa katikati ya hotuba lori lilipokuja kutoka pwani likasimama karibu na dirisha, dereva akashuka kutaka soda. Na harufu ikaingia.

Sikuhitaji kuangalia, lakini niliangalia. Lori limejaa makumbi meusi, yanachuruzika tope, yameiva vizuri kabisa, wiki moja tu yafukuliwe. Na juu ya rundo lile, kama bendera, kimelala kijiti chenye kitambaa cha mistari ya kijani. Kitambaa hicho nakijua. Ni pindo la kikoi cha marehemu kaka yangu Machano. Mwanakheir alikichana vipande vitatu na kila shimo alilifungia chake.

Wafadhili wakaziba pua. Bwana Sabri akacheka kwenye kipaza sauti: "Mnasikia wenyewe harufu ya uchafu tuliowaondolea leo!" Watu wa mjini wakapiga makofi. Mwanakheir alikuwa amelipa dirisha mgongo kama wanawake wenzake wote, na harufu ile iko nguoni mwao siku zote, wala hakugeuka. Na yeye akapiga makofi, kwa heshima.

Kutoka mlangoni mpaka kwa dereva palikuwa na hatua kumi. Nimezipima baadaye kwa miguu yangu. Makumbi yalikuwa bado majimaji. Ningesema neno moja, yangeteremshwa, yangerudishwa kwenye tope lile lile kabla maji hayajajaa, na bahari isingejua kama yaliwahi kutoka. Nikamtazama Bwana Sabri. Akanipungia mkono: chai kwa wageni. Nikafikiria kazi yangu. Nikafikiria aibu ya kumkatiza mtu mwenye shahada mbili mbele ya wafadhili wake.

Nikapeleka chai.

Lori likaenda na soda yake. Makumbi yakamwagwa jaani na asubuhi yake yakatiwa moto. Miye nikapakia machupa yangu nikarudi mjini na msafara, sikumuaga wifi yangu vizuri.

Alinipigia simu baada ya alasiri. Alikuwa amekwenda pwani na cheti mkononi, hakupata nafasi hata ya kukiweka nyumbani. Alikuta mawe ya mama yake yametupwa huku na huku na mashimo matatu yamejaa maji.

"Wifi," akasema, "wamenifukua."

Na miye nikamjibu, "Nani?"

Eti nani! Loh, Rukaiya! Nshawahi kusema uongo katika maisha yangu, nani hajasema, lakini uongo wa neno moja ulio mchafu kama ule sijauona tena.

Wiki iliyofuata nikapanda kwa Bwana Sabri, kwa sababu dhamiri ilikuwa inanitafuna na nilitaka imtafune na yeye. Nilimkuta anasoma ripoti. Ukurasa wa kwanza umeandikwa: tani mbili za taka zimeondolewa ufukweni. Nikamwambia zile si taka. Nikamweleza shimo, makumbi, Ubwa, paa, masika. Alinisikiliza vizuri, hilo sikatai, hata akazima simu.

"Sasa mbona jamii haikuweka alama?" akaniuliza.

"Kulikuwa na alama. Mawe na kijiti."

"Alama ya kueleweka, Bi Rukaiya." Akakuna kidevu. "Basi tutaliweka kwenye sehemu ya changamoto."

"Na paa?"

"Makaazi si eneo letu. Lakini awamu ya pili, mwakani, tunaweza kumpa mafunzo tena."

Nikashuka na sinia langu. Ukistaajabu ya Musa utaona ya Firauni. Mtu kaozesha makumbi miezi sita, weye umeyapoteza kwa nusu saa, na unataka kumfundisha tena!

Ubwa hakuwa na ubaya. Alikwenda mwenyewe kwa Mwanakheir, akavua kofia, akamwambia hoteli haingoji, amepata kamba kwa wanawake wa Jambiani na makuti yake yote yameingia kwenye kazi hiyo. Mwanakheir akamwambia, "Mapatano yalikuwa kamba. Kamba sina. Huna deni." Akampa chai.

Masika yakaingia bila kuuliza nani ana paa. Wifi yangu alihamisha kitanda mara tatu ndani ya chumba kimoja, mwisho akakiweka katikati na masufuria yote manne yamekizunguka. Kitu cha kwanza kuoza kilikuwa cheti. Nikampigia nikamsihi aje Malindi akae kwangu mpaka mvua ipite.

"Nije nilale na weye kitanda kimoja, unakoroma kama boti ya Dar?" akanijibu. "Niache na masufuria yangu, yana adabu kuliko weye."

Lakini alikuwa anakohoa. Kila baada ya neno anakohoa, na kila kikohozi nilikisikia kina jina langu.

Siku moja Bwana Sabri akasafisha stoo. Awamu mpya ilikuwa imepata uso mpya, mama mwengine wa kisiwa cha pili, na lile bango la turubai limekunjwa linakula nafasi. "Litupeni hili," akasema. Sikulitupa. Nililibeba kichwani kutoka Shangani mpaka Darajani, watu wananitazama, nikalipakia kwenye gari la Bwejuu.

Ubwa akaja kulifunga juu ya nyumba bila kuomba malipo. Tulipolikunjua uwanjani, uso wa Mwanakheir ukatukenulia meno pale chini, mkubwa kama mlango. Ubwa akaona haya kulikanyaga. Akauliza picha iangalie wapi, juu au chini?

"Chini," Mwanakheir akasema. "Uso wangu haunyeshewi mvua kwa ajili ya Sabri."

Makuti yaliyooza yakateremshwa, likafungwa juu ya fito. Mvua ilikuja palepale, ikapiga juu ya turubai kwa kelele, na ndani hapakudondoka tone. Tukakaa kitandani, miye na yeye, tunatazama juu. Yule Mwanakheir mwengine anatutazama kutoka darini, anacheka na mbuzi wake, na mbele ya miguu yetu herufi nene zimejipanga: TUMEMUINUA.

"Hapo wamesema kweli," akasema wifi yangu. "Wameniinua mpaka kwenye mapaa." Akakohoa. Tukacheka mpaka machozi yakatutoka. Kisha akauliza kwa sauti ya kawaida kabisa, kama anayeuliza bei ya papa:

"Rukaiya. Siku ile lori lilisimama dirishani, weye uko mlangoni. Dereva kaniambia. Weye umezaliwa hapa. Hukusikia harufu?"

Mvua ilikuwa inapiga. Ningeweza kusema sikusikia, kelele ilikuwa kisingizio kizuri. Lakini nilitazama juu na uso ule ulikuwa unanicheka.

"Nilisikia," nikasema. "Nikaona na kitambaa cha Machano. Na jina lako kuwapa ni miye niliyewapa, tangu mwanzo."

Hakunipiga. Ningependa angenipiga. Akachukua sufuria moja iliyokuwa na maji ya jana akayamwaga nje mlangoni, akarudi.

"Jina nilijua," akasema. "Watu wa mjini hawaoti majina ya watu. Lakini harufu nilikuwa nakutetea. Wenzangu wote waliniambia, Rukaiya alisikia yule. Nikasema hapana, mjini kumemharibu pua. Afadhali ningekuwa na wifi asiye na pua."

Nikalia. Nnalisema bila haya, nililia kwa kite, na yeye hakunibembeleza. Aliniacha nikamaliza.

"Ushamaliza?" akauliza.

"Nshamaliza."

"Basi bamvua lijalo uje. Njoo na nguo ya kuchafua, usiniletee lile buibui lako la nakshi."

Nikaja. Wanawake wa Bwejuu walikuwa wameleta makumbi, kila nyumba gunia lake, bila fomu na bila hotuba, na Ubwa alikwisha kuwaambia wapishi wa hoteli wasiyachome. Maneno mawili tu, kama alivyosema Mwanakheir, na wapishi wakakubali. Ubwa na yeye walisoma Fatiha upya: kamba kwa paa, kabla ya masika mengine. Mwanakheir akakaa juu ya jiwe kwa sababu ya kifua chake, akaninyooshea kidole nichimbe wapi. Miaka thelathini sijaingia topeni. Nikachimba mpaka mabegani, nikatafuta mawe ya mama yake moja moja, nikayapanga duara, na kila nililokosea akanitukana. Mashimo yote matatu. Mwisho akanipa vijiti na vitambaa, maana kile kikoi hakijaisha, nikavifunga kwa mkono wangu.

Harufu ile haitoki kwa sabuni. Haitoki kwa ndimu wala kwa mchanga. Jumatatu nikapanda ngazi za Shangani, nikawasha jiko, nikaingia kwenye mkutano na birika. Nilipoinama kummiminia Bwana Sabri, akasita na kalamu yake, akanusa huku, akanusa kule, akaamuru dirisha lifunguliwe.

"Astaghfirullah! Bi Rukaiya, nini kinanuka hivi?"

Nikamjazia kikombe mpaka juu.

"Paa la wifi yangu," nikamwambia.